Machi Mbili

Saa kumi na mbili kasoro, mji wa Moshi bado una matongotongo.
Studio yetu iko ghorofa ya pili, juu ya duka la pembejeo;
harufu ya mrututu hupanda ngazi pamoja nami,
hukaa nami mbele ya kipaza sauti kama mgeni asiyeagwa.

Kazi yangu ni dakika tatu,
katikati ya salamu za wasikilizaji na bei ya mahindi:
kuwaambia watu siku kama ya leo dunia ilifanya nini.

Nikasoma.
Hamsini na sita, Moroko ikachomoka mikononi mwa Mfaransa.
Sitini na mbili, huko Marekani, jitu la mita mbili na ushei
likatia pointi mia kikapuni kwa usiku mmoja.
Sitini na tisa ikapaa mara ya kwanza
ile ndege yenye mdomo wa korongo.
Sabini, walowezi wa Rodesia wakajiita jamhuri,
wakaita, wakaita, dunia isiitike.
Sabini na mbili, chombo kikafyatuliwa kuelekea Mshtarii
na bamba la rangi ya dhahabu ubavuni:
mwanamke, na mwanamume aliyeinua mkono
kuwasalimu wasiojulikana.

Nilisoma vizuri. Nilipumua penye mkato.
Eliangiringa nyuma ya kioo akanionyesha dole gumba.

Simu ikalia sijavua visikizi.

"Ni mimi Aikaruwa, wa Tsudunyi, huku juu.
Mwanangu, umetupeleka Moroko,
umetupeleka mpaka kwenye nyota.
Hapa kwetu hukupita?"

Redioni ukimya una bei.
Sekunde tatu tu, bosi anauliza.
Mimi nilinyamaza nyingi kuliko hizo.

"Mwaka elfu moja na mia tisa," akasema,
"tarehe hiyo hiyo uliyoitafuna na chai yako,
Mjerumani alitundika watu kumi na tisa.
Mangi wetu. Wengine Wachaga, wengine Wameru, wengine Waarusha.
Kichwa cha mangi, wanasema, kilivushwa maji.
Hatujaletewa hata risiti."

Nilifaulu historia, mimi.
Nilizijua vita za Ulaya kwa miaka na miezi,
na kutoka darasani kwetu hadi huko juu
ni mwendo wa kumaliza muwa mmoja.

Basi tarehe, nikawaza, ni nyumba ya kupanga:
mlango mmoja, wapangaji hawajuani.
Chumba hiki wanashangilia kikapu,
chumba cha pili wanahesabu kamba.
Na mwenye nyumba? Kalenda.
Hupita kila mwaka kugonga, haulizi nani analia.

"Halafu," akasema Bi Aikaruwa, sauti ikilegea,
"na mimi nilimzaa kitinda mimba wangu Machi mbili.
Watu wanakwenda kuweka maua, mimi uchungu umenishika.
Nikampa jina la furaha.
Ningefanyaje? Mtoto hakuomba ruhusa."

Masika yalikuwa yanabisha hodi kwenye bati.
Nikachukua penseli, pembeni mwa karatasi nikaandika 1900,
nikaandika *kumi na tisa*,
nikaandika *majina*, nukta mbili,
na baada ya nukta mbili sikuwa na kitu.

Nikamfikiria yule mtu wa kwenye bamba,
hadi sasa anakwenda, mkono juu,
anasalimu giza lisilo na mwenyewe.
Wa Tsudunyi mikono yao nadhani ilikuwa nyuma.

Eliangiringa akagonga kioo: sekunde kumi.

"Mama," nikasema, "samahani. Mwakani..."
"Mwakani uanze na sisi," akanikata.
"Moroko itasubiri, ina watu wake wa kuisema.
Haya, nisikukawize.
Gunia la mahindi leo Kiboriloni wanauzaje?"