Pindo Lisiloonekana

Miaka minne nimekushonea, Ishbel,
kwa uzi mnene na mishono mirefu,
maana safu ya mwisho haioni kazi ya sindano,
huona rangi tu, na namna gauni linavyogeuka.
Pale Dundee, nyuma ya jukwaa,
kwenye kijichumba chenye hita moja na harufu ya pasi,
ulinyoosha mikono, mimi pini mdomoni,
ukanena maneno ya malkia
mpaka vikombe vikalia rafuni.

Ulimtupia sauti mzee Farquhar,
kiti cha pembeni, safu ya kumi na saba,
ambaye sikio moja lilifia kiwandani
na la pili, kwa kauli yake, li njiani.
Kila Jumamosi alikuja kukupima.
"Nimekupata," angesema mlangoni, akivaa kofia,
"hata pumzi."

Kisha ikaja barua ya Glasgow.

Treni ya saa kumi na mbili kasoro robo,
giza bado limeulalia mto Tay,
nawe unaliambia dirisha:
*Daktari, kitanda cha nne.*
Basi. Maneno manne.
Wewe niliyekusikia ukifa kurasa sita nzima
bila kumeza mate.

Usiku ule ulipiga simu, unacheka, hucheki.
"Mwanaidi, leo nimemlilia maiti
atakayelazwa Alhamisi."
Ukanieleza habari za mwongozaji:
punguza mkono. Punguza nyusi.
Punguza, punguza, mara saba,
hadi ukabaki unafikiri tu,
na hata kufikiri akasema kumezidi.
Na ukosini wamekubandika maikrofoni,
ndogo kama kunde,
inasikia hadi tumbo likinung'unika.
"Fikiria," ukasema, "nilikuwa namtafuta Farquhar
ng'ambo ya giza lote lile.
Sasa kanikalia kooni."

Nikakwambia kwetu husema
kimya kingi kina mshindo mkuu.
Nilihangaika kukutafsiria, mshindo ukanishinda,
nawe ukanyamaza muda mrefu
nikadhani simu imekatika.

Jumanne, saa tatu usiku, tulikutazama kwa mzee.
Alifungulia sauti hadi mwisho wake,
jirani akagonga ukuta, naye akagonga vilevile.
Ukatokea. Sekunde tisa, nilihesabu.
Vazi la muuguzi, si langu,
limepigwa pasi na mkono nisioujua.
Midomo ikafunguka kama mlango wa chumba cha mtoto aliyelala.
"Amesema?" akauliza mzee.
Amesema.
"Sikumpata." Kisha, akiwa bado ameinama,
pua karibu na kioo:
"Lakini huyo wa kitanda cha nne hatapona.
Nimeona machoni mwake."

Mimi sikuwa natazama macho.
Nilitazama ukingo wa chini wa televisheni,
pale picha inapokukata mabegani,
kwa kuwa najua, huko chini pasipopigwa picha,
ulikuwa umesimama kwa ubavu wa mguu wa kushoto,
kisigino juu kidogo,
kama kila mara kabla ya neno zito.
Viatu vyako vyote vimelika upande huo.
Hao wa Glasgow hawajui.

Kesho nafumua gauni la malkia,
kuna binti mpya, mfupi, ana kikohozi.
Pindo nitalikunja kwa ndani, vidole vitatu.
Mkasi wameniletea.
Sitakata.