Sentimita Nne

Nilimpima Jumanne, mwaka wa themanini na nane,
hapa Aalst, harufu ya kiwanda cha wanga
imeingia mpaka kwenye nyuzi.
Kifua themanini na sita. Kiuno sitini na tano.
Katelijne Roosens, muuza viatu,
alivua soksi kwa haya kana kwamba mimi ni daktari.

"Nitaonekana kwenye video," akasema.
Unaimba?
"Mashine ndiyo inayoimba. Mimi nafumbua mdomo."

Nikamshonea suti ya fedha, kitambaa kigumu
ambacho mafundi bomba hukinunua kwa roli.
Wakampeleka Ostende, kwenye ghala la barafu la samaki,
akacheza ule mdundo wao mzito, wa polepole,
kama mtu anayeshuka ngazi na kabati mgongoni.
Maneno yalikuwa mawili tu. Aliyafanyia mazoezi
mbele ya kioo changu, pini zikiwa bado kiunoni:
*sogea, baridi. Sogea, baridi.*

Wiki sita baadaye muuza nyama
alimwongezea soseji mbili bila kupima.
Wasichana wa shule walichora nyusi kama zake.
Duka la viatu akaliaga kwa barua ya mistari minne.

Video ya pili, paa la maegesho, miwani myeusi.
Ya tatu, taa zilikuwa kumi na mbili na suti haipumui;
akaanguka. Walimmwagia maji, wakaendelea,
na kuanguka kwenyewe wakakuacha ndani,
kuliangukia mdundo sawasawa.
Mimi ndiye niliyesahau tundu za hewa kwapani.
Sijamwambia hadi leo.

Kisha simu, Ijumaa jioni, Bwana Hoorelbeke wa studio:
"Ile suti, punguza kiuno sentimita nne."
Mshonaji huhitaji kuambiwa mara ngapi?
Nikafumua, nikapunguza. Nilikuwa na kodi ya kulipa.

Jumatatu akaja kuchukua koti la mama yake,
akaiona imevalishwa sanamu ya dirishani.
Akaizunguka. Akapitisha kidole kwenye mshono mpya.
"Nimekonda?" akauliza.

Cherehani ilikuwa mbele yangu, nikakanyaga,
hakuna kitambaa chini ya sindano.

Nguo ya kuazima haisitiri matako,
lakini ile ilisitiri mpaka jina:
msichana wa nne alicheza, miwani ileile,
na mji mzima ukampungia mkono Katelijne
kwa kazi nzuri.
Naye akapunga.
Miezi kumi na saba, yote kwa yote.

Studio ilipofungwa suti walinirudishia mimi, bili haijalipwa.
Majira ya baridi naifunikia kioo cha mbele cha gari,
inazuia barafu vizuri.
Juzi alipita na mjukuu, mifuko ya viazi mikononi,
akaitambua kabla yangu kumtambua yeye.
Akaigonga kwa ukucha, mara mbili,
polepole.