Kielelezo Kisichopokelewa

Nimekuja na gome la mzinga ndani ya kanga,
nimelibeba kama mtoto mwenye homa,
alama ya baba imegeukia kifuani kwangu:
mistari miwili, na jicho.

Sikonge, saa tatu asubuhi. Benchi la mahakama
lina msumari unaomjua kila mwenye kesi.
Nimekaa upande wa pili, natafuna michembe,
narudia maneno yangu kimoyomoyo, mwaka wa nne sasa:
Mheshimiwa, mimi ni Kalunde binti Igunda.
Alama hii baba aliichoma mimi nikishika kijinga,
mimi nikimrushia kamba,
na huyu Sizya, mtoto wa baba mkubwa,
anayesema alama ya ukoo haiendi kwa mwanamke
kwa kuwa mwanamke hapandi mninga,
na aje ayaone magoti yangu.

Shauri namba kumi na saba.
Sizya hayupo.
Ipo karatasi badala ya Sizya,
na dole gumba la wino lililoteleza kidogo:
*Naomba kuondoa pingamizi langu
juu ya alama ya Kalunde
katika daftari la ushirika. Sina la zaidi.*

Sina la zaidi!

Hakimu akavua miwani, akaivaa.
"Una neno juu ya maombi haya?"
Nikasema, "Sina,"
sauti nyembamba, ya mgeni aliyeulizwa kama amekula.
"Basi shauri limeondolewa. Usajili ubaki ulivyo.
Kila upande ubebe gharama zake."
Muhuri.
Dakika nne, na feni bado inakohoa kohozi lake la kwanza.

Haya, nizibebe:
madebe mawili ya asali, na la tatu nusu;
nauli ya kutoka Ipole mara kumi na moja;
harusi ya mdogo wangu, iliyoangukia tarehe ya kutajwa;
shangazi, ambaye nikimwambia *wangaluka*
hugeuka kuwaita kuku.
Na gome hili.
"Na hiki?" nikamuuliza karani.
"Hakikupokelewa, mama. Rudi nacho."

Nje watu walinipa mkono.
Niliupokea kama anayepewa pole
kabla hajaambiwa nani kafa.

Mwezi wa sita, wakati wa kurina,
nilipita msitu wa upande wake.
Mzinga wa Sizya ulikuwa juu ya panda:
mistari miwili, na jicho,
na chini ya jicho mstari wa tatu, mpya,
umekatwa kwa kisu butu, umepinda mwishoni
kama mkono ulichoka, au uliona haya.

Mkwaruzo mmoja.
Mwaka ule wa kwanza ungetosha.

Nikatua ndoo. Nikalifungua gome,
nikaliegemeza kwenye shina, alama ikitazama juu.
*Mheshimiwa,* nikaanza,
na nyuki wake wakiingia na kutoka
nikayasema yote,
mpaka kwenye magoti.