Mstari wa Tisa

Barua ilikuja ndani ya kopo la maziwa ya unga,
karatasi imegeuka rangi ya chai,
na Padri Lubango alitaka tafsiri kabla ya Ijumaa
ikabandikwe ukutani siku ya jubilei, pale Igogo.
Elfu thelathini, alisema. Nikasema arobaini.
Tukakutana kwenye thelathini na tano na soda.

Mistari minane niliishuka kama mtu anayeteremka Bugando
baada ya kuambiwa mgonjwa wake amepata nafuu:
mvua, kuku waliokufa, kwinini iliyochelewa melini,
mtoto aliyezaliwa na meno mawili.
Wa tisa, nikajikwaa.
Sista Winifrida, muuguzi, mwaka wa thelathini na nne,
anamwambia dada yake aliyeko ng'ambo
kwamba kuhusu kubaki huku ziwani, yeye ni fain.

Herufi nne. Hutamkwa feni,
kama hili pangaboi juu ya kichwa changu
lililosimama tangu umeme ukatike saa nne.

Kamusi ndogo hailijui.
Kamusi kubwa ya marehemu baba mkwe,
iliyoliwa na mchwa kuanzia herufi S,
inalijua, na hapo ndipo taabu ilipoanzia.
Sifa ya kale, inasema, siku hizi haitumiki.
Maana ya kwanza: mwenye furaha, atakaye kwa moyo.
Maana ya pili: aliyekubali
kwa kuwa hakuna jingine la kukubali.

Sasa, Winifrida, ni ipi?
Ulibaki kwa kuwa asubuhi mawe yalikupendeza,
yamepandana kama watu wanaochungulia harusi,
au kwa kuwa nauli haikuja,
na kwenu chumba chako kilishapewa mwingine?
Wino hausemi. Nukta umeiweka nzito,
kalamu imetoboa karatasi.

Nikaandika: ana furaha. Nikafuta.
Nikaandika: hana budi.
Nikafuta mpaka karatasi ikaota nywele.
Harufu ya dagaa wa Mwaloni ikaingia bila hodi.

Ndipo nikamkumbuka mama, Nyanzobe binti Luhende.
Ng'ombe kumi na wawili walikuwa tayari zizini kwa babu,
wawili wao wameshauzwa kulipia deni la mjomba,
wageni wananawa mikono,
ndipo mtu akakumbuka kumuuliza:
Binti, umekubali?
Akajibu: Niko radhi.

Nilimuuliza siku moja, Mama, ulimpenda?
Alikuwa anachambua mchele. Hakuinua uso.
"Nilisema niko radhi."
Ndiyo, lakini ulimpenda?
"Wewe mtoto, hujui Kiswahili?"

Miaka arobaini na mmoja aliishi na baba.
Alipofariki, mama alimvisha soksi kwa mikono yake,
eti huko aendako miguu isipate baridi;
na baiskeli yake akaiuza kabla ya arobaini.

Radhi. Nimeitumia tangu utotoni
bila kuinua kifuniko nione kilichomo.
Bibi harusi huwa radhi. Mdaiwa huwa radhi.
Mgonjwa anayetia dole gumba kwenye fomu ya upasuaji,
hajui kusoma, ameshavuliwa viatu,
naye yu radhi.
Na ukimkanyaga mtu sokoni unamwomba hiyo hiyo,
na mzazi akikunyima hiyo hiyo, umekwisha.

Umeme ukarudi. Feni ikakohoa, ikazunguka,
karatasi zikaruka hadi chini ya kabati.
Nikaziokota, nikaigandamiza barua kwa jiwe,
na kwenye mstari wa tisa nikaandika maneno ya mama,
na nukta nikaiweka nzito.

Padri alisoma amesimama.
"Kumbe alifurahi kubaki," akasema, akatabasamu.
Akanipa bahasha. Niliihesabu mbele yake:
thelathini. Akaniuliza kama ni sawa.

Soda ilikuwa ya moto.
Nikainywa.