Mrushaji wa Akiba

Misimu mitatu Lyle Vandersloot alishika ubao,
akinakili mirusho ya mwenzake kwa penseli,
maana wino, kule Cleveland, huganda.
Jezi yake ilikwenda kwa dobi safi, ikarudi safi.
Mama Odessa aliifua hivyo hivyo:
"Isije ikajiona yatima."

Kisha Desemba moja
goti la mwenzake likaalika kama kijiti kikavu.
Kocha hakumtaja jina. Alisema, "Wewe."

Dakika tisa. Mipira sita.
Minne ilianguka, mmoja ukadakwa na adui,
na wa sita,
wa sita ulipaa ukizunguka kama pia,
theluji ikaupisha,
ukatua kifuani pa kijana aliyekuwa akikimbia
bila kutazama nyuma, kwa kuamini tu.

Walifungwa vilevile.
Machi akapewa barua. Sentensi mbili, na jina lake
limekosewa herufi.

Sasa anauza matairi Toledo.
Wateja humtazama mabega: uliwahi kucheza?
"Kidogo," hujibu,
na vidole vyake, bila kutumwa,
hutembea juu ya kaunta
vikitafuta mshono.