Ikitikisika Peke Yake

Kabla hatujatoka Kranj, umande bado juu ya bati la gari,
baba ananipa spana kama anayekabidhi ufunguo wa nyumba.
Yeye hawezi tena. Mkono wake wa kulia
una safari yake, unatetema hata ukilazwa mezani.
"Kaza," anasema. "Si kwa hasira. Kaza hadi chuma kikujibu."

Baiskeli mbili: yangu ya juzi, nyepesi, rangi ya ndimu,
na yake, ile aliyoiendesha hadi Trieste kumfuata mama.
Nzito ikae karibu na gari, nyepesi nje.
Pedali zisiguse fremu. Kati ya bomba na bomba, tambara:
soksi yake kuukuu, maana baba hatupi kitu.
Mikanda mitatu. Ncha zake nizifunge,
zisije zikapiga makofi njia nzima, na hakuna harusi.

Halafu mtihani. Niishike fremu, niitikise.
"Ikitikisika peke yake, bado.
Gari zima likitikisika nayo, twende."
Natikisa. Ndani ya gari kahawa yake inamwagika.
"Twende."

Njia ya Vršič ina kona hamsini, kila moja na namba yake kibaoni,
na penye kona lami inakoma, mawe ya kale yanaanza,
na nyuma yetu: ngo.
Kimya.
Ngo, ngo.
Naongeza sauti ya redio. Baba anaizima.
Ameegemeza sikio kwenye kioo, macho kayafumba,
daktari wa kifua cha bati.
"Kushoto. Chini. Si mkanda, ni shingo ya ndoana."
Miaka thelathini na minne alikuwa fundi wa lifti;
amezoea kusikiliza vitu vinavyobeba watu.

Kona ya kumi na tisa tunaegesha. Kondoo wawili wanatutazama
bila huruma. Nalala chali juu ya changarawe.
Kweli, bolti imelegea, unene wa unywele, basi.
Nakaza. Baba anatoa mfukoni kipande cha tyubu,
alikuwa nacho tangu nyumbani, hakusema,
nami nakisokomeza pale panapogonga.

Kisha anauweka juu ya fremu ule mkono,
mimi nimeshika upande wa pili,
na kwa muda sijui kinachotetema ni nini:
chuma, upepo wa bondeni, yeye, mimi.
"Bado inacheza," nasema.
"Hapana," anasema, "huyo ni mimi."
Tunacheka hadi kondoo wanaondoka.

Tunateremka kuelekea Trenta, gia ya pili, breki kidogo kidogo.
Nyuma hakuna neno.
Ila kiooni naliona gurudumu lake la mbele,
nimesahau kulifunga, linazunguka polepole kwa upepo,
linakwenda Trieste, labda.
Nawasha indiketa nisimame.
"Usisimame," anasema, mkono ukimchezea pajani.
"Hilo liache."