Kadibodi

Bogna aliufukia mkanda wa filamu
pale lilipokuwa jiko la mama yake,
Bytom, kwenye mtaa ambao ramani imekwisha kuusahau:
wiki tatu, kina cha mkono, bila sanduku.
"Acha udongo nao useme," akaniambia.
Mimi ni mtu wa sauti.
Nilirekodi koleo.

Huku walichimba makaa ya mawe miaka mia na ushei,
wakachimba hata chini ya vitanda vya wachimbaji.
Nyumba zikaanza kuinama, polepole,
kama mtu anayesinzia kanisani
asitake jirani ajue.

Gololi, anasema Bogna, hazikuhitaji kusukumwa.
Uliiweka mlangoni, ikashika njia yenyewe,
chini ya kabati, kando ya viatu vya baba,
hadi pembe ya kaskazini.
Utoto wake wote ulimwagikia pembe ile.

Tulipoufukua, mkanda ulikuwa umeliwa.
Nyasi alizozipiga picha hazimo.
Mna madoa ya samawati, vishimo,
na kitu kama mshipa wa shingo
kinachopiga, kinaacha, kinapiga.

Tukawaonyesha, ukutani, juu ya sofa.
Rajmund, kaka yake, akaguna:
"Mlango wetu ulikuwa wa kijani. Uko wapi hapo?"
"Kijani?" mama akadakia. "Kijani tulinunua.
Baba yako hakuwahi kuifungua kopo."
Wakabishana mpaka chai ikapoa.
Nami nikarekodi, maana ndiyo kazi,
kijiko, kikohozi, jina la marehemu mara mbili.
Bogna hakuzima kamera
wala hakumwelekezea yeyote.
Aliishusha chini, kwenye miguu ya meza.

Ghorofa ya nne hii, nyumba ya kupewa,
sakafu imenyooka, pimamaji ni shahidi.
Lakini siku ile ile ya kuhamia,
kabla ya pazia, kabla ya msalaba,
mama Gizela alikunja kadibodi mara nne
akaisukuma chini ya mguu wa kaskazini
kama alivyofanya kule miaka thelathini
ili supu isimwagike.

Sasa inamwagika.
Miaka kumi na moja wanakula hivyo,
mchuzi umejazana upande mmoja wa sahani,
na hakuna aliyetia neno.

Nilidhani filamu imekwisha. Nikaanza kukunja nyaya.
Bogna akatoa gololi mfukoni,
akaiweka katikati ya kitambaa, akaiachia.

Ikatulia kidogo, kama inayokumbuka.
Kisha ikaondoka, si kaskazini.
Ikarudi njia ile ile iliyokuja nayo,
kuipita chumvi, kuupita mkate,
kuelekea mlangoni.

Na mama, aliyekuwa akimkaripia Rajmund
juu ya kopo la rangi,
akatandaza kiganja ukingoni mwa meza
bila kugeuka,
akaidaka.